Kalibu ya Yuda

Mlango wa chuma ulibamizwa mara ya pili juu ya vidole vya Saturio Cascón, na mlio uliotoka ulikuwa kama kuni mbichi inayovunjwa gotini.

Inspekta Ulpiano Cerezal alikuwa ndiyo kwanza ameshuka kwenye gari la Valladolid. Aliusikia akiwa barazani pa kituo, vumbi la njiani bado liko kwenye kola. Hakumuuliza mtu chumba kiko wapi. Aliifuata sauti.

“Fungua.”

Sajini Macario Toral aligeuka huku anahema, shati limemganda mgongoni. “Ala! Inspekta! Karibu Valdeciervos. Ila umekuta pilau limeshaliwa. Huyu bwana mchinja nyama kabakiza sahihi tu.”

“Atatia sahihi kwa vidole hivyo?”

“Atatia hata kwa ulimi.”

Jenerali aliyetawala nchi tangu vita alikuwa na mwaka wa nne kaburini, Madrid watu walikuwa wanapiga kura na kupigana mabusu barabarani, lakini mlango ule wa chuma ulikuwa bado haujapata habari.

Cerezal alichuchumaa mbele ya Saturio. Alikuwa mtu wa makamo, mkubwa wa mwili, nywele nyekundu kama kutu, nyekundu ile ile ya baba yake aliyekufa. Inspekta alimkunja mikono ya shati hadi juu ya viwiko, akaigeuza mikono kwa taa, upande huu na upande ule. Vidole vya kulia vilikuwa vimeelekea pande ambazo vidole haviendi.

“Ulikuwa karakanani kwa mchongaji Aquilino Redruello siku aliyouawa?”

“Nilikuwa.” Damu ilimtoka puani ikaingia kinywani, akaitema. “Aliniita mwenyewe. Miaka yote hatusalimiani, mara ananiita. Akanipa mvinyo. Akalia kama mtoto.”

“Akasema nini?”

“Akasema, Saturio, baba yako hakumnyooshea mtu kidole mwaka ule wa vita. Nilimchonga Yuda kwa uso wa baba yako kwa sababu niliamriwa. Ijumaa Kuu wakifunua Yuda mpya, mji mzima utamwona aliyenyoosha.”

“Jina?”

“Alikataa. Akasema, nikikutajia leo utamchinja leo, na mimi nataka aonwe kwanza.”

“Umesikia?” Sajini alipiga kofi la furaha. “Kisa kimejaa tele! Mtu kamfanya baba yake Yuda, miaka arobaini wanawapiga mawe. Naye katoka pale macho mekundu, aproni imejaa damu. Nani asiyejua?”

“Damu ya kondoo wa Pasaka, mbwa wewe,” Saturio alisema. “Nyumba yako mwenyewe imeagiza mguu.”

Sajini alimpiga teke la mbavu. Cerezal alimdaka kwa kola akambana ukutani mpaka visigino vikaning'inia.

“Hakimu yuko wapi?”

“Kaenda baharini. Kurudi ni Jumatatu.” Sajini hakuonyesha woga, alitabasamu. “Maandamano ya leo yakitoka tu, namsafirisha huyu gereza la mkoa. Njia ya makorongo, Inspekta. Unajua mahabusu walivyo. Wanapenda kuruka kwenye gari.”

Cerezal alijua. Nchi nzima ilijua. Makorongo yale yalijaa watu waliopenda kuruka.

Alimwachia kola. “Ukimgusa tena kabla sijarudi, utaruka wewe.”

Nje, mke wa Saturio alikuwa amesimama mbele ya bucha yao, anapigilia mbao kwenye dirisha. Aliitwa Obdulia, mwanamke mkavu, misumari mitatu mdomoni.

“Mnafunga kwa ajili ya msiba?” Cerezal aliuliza.

Alitema misumari kiganjani. “Kwa ajili ya Ijumaa Kuu. Wakishampiga Yuda mawe huko juu, wanashuka kumalizia hapa. Kila mwaka. Kama hujui hilo, wewe ndiye inspekta waliyetuletea?” Akaanza tena kupiga nyundo. “Nirudishie mume wangu akiwa hai, baba. Vioo nimevizoea.”

*

Karakana ilikuwa nyuma ya kanisa, banda la udongo lenye dirisha refu. Benita Redruello, dada wa marehemu, alimfungulia. Alikuwa ndiye mpaka rangi wa sanamu zote za kaka yake. Kucha zake zilikuwa na rangi ya mashavu ya malaika. Marehemu mwenyewe alilala chumba cha pili, ndani ya jeneza la msonobari.

Cerezal aliinua shuka. Patasi pana ilikuwa imeshatolewa, lakini njia yake ilionekana: chini ya sikio, ikapita mpaka upande wa pili. Haikuchomwa kwa mkono. Ilipigiliwa kwa nyundo ya mti, mapigo mawili au matatu, kama mtu anayechimba tundu la kiungo.

“Alikuwa mtu wa namna gani?”

“Wewe umewahi kumsikia?”

“Hapana.”

“Basi ndivyo walivyotaka.” Benita alikaa juu ya gogo. “Kabla ya vita alipata nafasi ya kusoma Madrid. Alichonga mwanamke mvunaji, ameinama, mtoto mgongoni. Magazeti yakaandika: mkumbukeni kijana huyu. Akarudi likizo ya mavuno, mwaka wa thelathini na sita. Likizo yenyewe ikawa hiyo. Wakamtia kwenye lori pamoja na walimu na vibarua.”

“Hakupigwa risasi.”

“Aliyefuata alikuwa yeye, risasi zikaisha. Unacheka?”

“Sicheki.”

“Yeye alikuwa anacheka akisimulia. Baadaye gerezani alichonga vijiko vya mifupa. Ndipo chama cha ndugu wa kanisa wakataka sanamu mpya, za zamani zimeliwa na mchwa, na wachongaji wote ama wamekufa ama wamekimbia. Wakamtoa kwa masharti. Moja, asitie jina lake popote. La pili, Yuda awe na uso wa Cascón mchinja nyama, maana mji umeshasema ndiye aliyewanyooshea kidole watu wa lori. Nenda kanisa lolote la bonde hili, ukute mtakatifu anayekuliza machozi, huyo ni wake. Soma kibati chini yake: Zawadi ya Don Fulgencio Arroyuelo.”

“Ni nani huyo?”

“Mfamasia. Mkuu wa chama. Ndiye aliyeleta barua ya kumtoa gerezani, mji unamwita mwokozi.”

Cerezal alizunguka meza. Juu yake palikuwa na kichwa cha mti wa msonobari, nywele zimechongwa, masikio yamekamilika, ila mbele hakina kitu. Uso ulikuwa umekatwa kwa msumeno, wima, kutoka utosini hadi kidevuni, na ndani kumechimbwa pango.

“Muuaji alikata hivi?”

“Aquilino alikata. Kila mchongaji hukata hivyo. Uso unatolewa kama barakoa, macho ya kioo yanatiwa kwa nyuma, halafu unabandikwa tena kwa gundi. Uso ulikuwa hapo mezani.”

“Uliuona?”

“Alikuwa anaufunika kitambaa. Aliniambia, wewe utaupaka mwisho, alfajiri ya Ijumaa.”

Inspekta alifungua tanuri. Aliingiza mkono kwenye jivu hadi kiwiko, akatoa vigololi viwili vya kioo vilivyopasuka kwa joto. Vilimtazama kutoka kiganjani. Sakafuni, vipande vya plasta nyeupe vilisagwa mpaka vikawa kama chumvi.

“Na hiki kilikuwa kichwa cha plasta cha mfano?”

“Ndiyo. Amekisaga chote.”

Kwa hiyo aliyeingia hakuja kuua tu. Alikuja kuua uso. Saturio, aliyekuwa anaungoja uso huo kwa hamu ya kufa mtu, angeuchoma kwa lipi?

Karibu na tanuri, chungu cha gundi kilikuwa kimelala ubavu. Gundi ya ngozi ya sungura, ambayo hutumika ikichemka, ilikuwa imerukia sakafuni na kuganda kama jeli ya nyama. Cerezal alipiga magoti. Mruko ulianza kwa nguvu kutoka upande alipoangukia marehemu, ukatawanyika kama upepeo, halafu katikati ukakatika. Ukuta wa nyuma ulikuwa na madoa kulia na kushoto, katikati mweupe.

“Kaka yako alimrushia chungu,” alisema. “Na kilichokosekana ukutani kilibaki kwa mtu. Gundi inayochemka haimwagiki ikaondoka kama maji. Inashika.”

“Ukiivuta inatoka na ngozi,” Benita alisema.

“Mikono ya Saturio nimeiona hadi viwiko. Imevunjwa, haikuungua. Uso wake vile vile.” Alisimama, akapangusa magoti. “Mlango haukuvunjwa. Kaka yako alikuwa anamfungulia nani?”

“Mimi. Na Don Fulgencio, akija kukagua kazi.”

“Ulimwona lini mara ya mwisho?”

“Leo asubuhi, alikuja kusali kwenye jeneza. Alikuwa ameshavaa glavu za maandamano.” Benita alizitazama kucha zake. Kisha akasema polepole, “Ndugu wote wanavaa. Kanuni yao, ukishavaa huvui mpaka sanamu zirudi ndani. Sikufikiri kitu.”

“Na akiungua, angekwenda wapi kutibiwa?”

“Kwa mfamasia,” alisema.

Lakini glavu si ushahidi. Ukimvua glavu mzee mheshimiwa siku ya Ijumaa Kuu ukakuta amemwagikiwa na supu, jioni hiyo hiyo wewe ndiye utakayefukuzwa mjini, na Saturio ataruka kwenye gari. Cerezal alikuwa ameshika tama, anatafuta pa kuweka makalio, akavuta bakuli kubwa zito lililojaa misumari kutoka pembeni ili kupata nafasi. Lilikuwa zito mno kwa bakuli. Aliligeuza, misumari ikamwagika.

Ndani yake kulikuwa na mabonde na vishimo visivyo na maana. Shimo refu katikati. Mfereji chini.

“Benita. Hiki nini?”

Mwanamke alipitisha kidole kwenye ule mfereji. “Kalibu. Kabla ya kichwa cha plasta anafinyanga kwa udongo, juu ya udongo anamwaga hii, inaganda. Ni uso huo huo, lakini kwa ndani. Ukiitazama hivi ni shimo tu.”

“Muuaji alisaga kila kilichofanana na uso,” Cerezal alisema. “Shimo hakulijua.”

*

Sakristia ilijaa ndugu wa chama, kanzu nyeusi, kofia ndefu zenye ncha zimeshushwa usoni, matundu mawili ya macho. Kanzu zile zile. Katika ile likizo ya mavuno, mtu mmoja alipanda mbele ya lori amevaa kofia hiyo hiyo, kila walipofika kwenye nyumba ananyoosha kidole, hasemi neno. Watu hawakumwona uso. Mji ukaamka kesho yake ukiambiwa, na haukuuliza nani aliyesema wa kwanza, kwamba chini ya kofia palichungulia nywele nyekundu.

Juu ya jukwaa la kubebwa, Yesu na wanafunzi walikuwa tayari. Yuda alisimama na kitambaa kichwani.

“Atatoka hivyo hivyo,” alisema Don Fulgencio Arroyuelo. Ni yeye peke yake aliyekuwa hajashusha kofia. Alikuwa mzee mrefu, mnyoofu, kope ya jicho la kushoto imelegea tangu kuzaliwa, mkononi fimbo ya ukuu yenye kichwa cha fedha. “Maandamano hayajawahi kuahirishwa, si kwa mvua wala kwa vita. Inspekta, umekuja kusali?”

“Nimekuja kuomba mishumaa.”

Cerezal aliweka kalibu mezani, akaipaka mafuta ya taa ya altare. Benita alikuwa ameshaweka vipande vya mishumaa kwenye sufuria, juu ya makaa ya chetezo. Nta ilipoyeyuka, aliimimina ndani ya shimo.

Sajini Toral, aliyekuja kulinda maandamano, alicheka kutoka mlangoni. “Valladolid wanafundisha upelelezi au mapishi?”

Baadhi ya kofia zilicheka. Don Fulgencio hakucheka. “Uchuuzi gani huu ndani ya nyumba ya Mungu?”

“Tunampa Yuda uso wake, bwana mkubwa. Chama kilishaagiza.”

Walingoja. Nje, ngoma zilikuwa zimeanza kufanya mazoezi, na kelele za watu zikipanda kutoka uwanjani. Nta ilibadilika rangi, ikawa ya maziwa.

“Imeshika,” alisema Benita.

“Desturi inasema mkuu ndiye wa kwanza kuigusa sanamu mpya,” Cerezal alisema. “Itoe wewe, Don Fulgencio.”

Mzee aliinua fimbo kuihamishia mkono mwingine, akaupeleka wa kushoto mezani.

“Kwa mkono wa kulia. Au Yuda anapewa wa kushoto?”

“Utovu wa adabu huu...”

“Wa kulia, bwana.”

Mzee hakusogea. Basi Benita akaishika kalibu mwenyewe, akaigonga chini mara moja, na uso ukatoka ukaanguka viganjani mwake, mweupe, wenye mvuke. Akauinua juu ili wote waone. Pua iliyonyooka. Midomo miembamba. Kope ya kushoto, iliyolegea.

Uso ulikuwa wa kijana, lakini juu ya mlango wa sakristia kulikuwa na picha ya mkuu huyo huyo akiwa kijana, imetundikwa kwa fremu ya dhahabu. Kofia moja iligeuka kuitazama. Halafu ya pili. Halafu zote.

“Mama yangu,” sauti moja ilisema chini ya kitambaa, sauti ya kizee. “Baba yangu alitolewa mlangoni kwetu. Mama alikuja kwako kununua dawa miaka yote.”

Fimbo ya fedha ilishuka juu ya kichwa cha Cerezal kabla hajaigeukia. Ngozi ya paji ilifunguka, damu ikamwagika machoni. Mzee aliinua tena, safari hii kwa Benita na uso ulioko mikononi mwake. Cerezal alijirusha kipofu, akamshika kiuno, wakaangukia meza, sufuria ya nta ikapinduka, makaa yakatawanyika. Vidole vya mfamasia vilimtafuta koo. Vilikuwa na nguvu za mtu aliyelala vizuri miaka arobaini. Inspekta alipapasa mpaka akaupata mkono wa kulia, akaubana ndani ya glavu yake kwa nguvu zake zote.

Ukelele uliotoka haukuwa wa mtu mheshimiwa.

Alishika ncha ya glavu akavuta. Ilikuja polepole, imelowa usaha, na kilichokuwa kimeshikana nayo kikaja pia. Kiganja kilibaki chekundu, kimevimba, na kuzunguka kifundo cha mkono paliganda utepe wa gundi ya kahawia, ndani yake unyoya wa brashi ya mchongaji.

“Alitaka kunitembeza mjini kama mbwa,” Don Fulgencio alisema akiwa chini. Alisema kwa utulivu, kama anayemweleza mteja kipimo cha dawa. “Mimi niliyemtoa gerezani. Mimi niliyemlisha.”

“Mfunge pingu, Sajini,” Cerezal alisema.

Sajini alibaki mlangoni. “Huyu ni Don Fulgencio.”

“Mfunge.”

“Mchinja nyama ameshakiri, Inspekta. Gari liko tayari.”

Cerezal alitoa bastola, akapangusa damu kwa kiwiko, akaiweka chini ya kidevu cha Sajini hadi kofia yake ya kazi ikadondoka. “Basi tupande wote watatu. Wewe ukae mlangoni.”

Ndugu wa sauti ya kizee ndiye aliyevua kofia, akachukua pingu kiunoni mwa Sajini, akamfunga mkuu wake. Aliikaza pingu mpaka jino la mwisho.

*

Maandamano yalitoka. Hayajawahi kuahirishwa.

Saturio alisimama mbele ya kituo, ameegemea bega la mkewe, mkono wa kulia umefungwa tambara. Cerezal alisimama kando yao, kitambaa kichwani kimeloa. Jukwaa lilipinda kona likiyumba juu ya mabega, na Yuda akafunuliwa. Benita alikuwa ameupachika uso wa nta kwenye kichwa cha mti na kuutia rangi ya mashavu kwa haraka. Jua la alasiri lilikuwa linaulainisha. Kope iliyolegea ilizidi kulegea.

Watu walikuwa na mawe mikononi, kama kila mwaka. Habari ilikuwa imeshapita kutoka mdomo hadi mdomo upesi kuliko ngoma. Hakuna aliyerusha. Walikuwa wanamtazama Saturio, na kila aliyemtazama alishusha macho.

“Mpeni yeye,” mtu alisema. “Wa kwanza ni wake.”

“Haki yake, jamani! Saturio, ndugu yetu, mponde!”

“Ndugu yenu tangu lini?” Obdulia aliuliza, wala hakupandisha sauti.

Jiwe lilipitishwa mkono kwa mkono mpaka likafika. Saturio alilipokea kwa mkono aliozoea kushikia kisu. Aliamuru vidole vifunge. Havikufunga. Jiwe lilianguka miguuni mwake, likabiringika, likasimama. Uwanja mzima uliusikia mlio wake.

Obdulia aliinama akaliokota. Akamtazama Yuda aliyesimama juu ya mabega ya watu.

“Mti una kosa gani?” alisema.

Akageuka, akalirusha kwa nguvu zake zote kwenye dirisha la kituo. Kioo kilishuka chote kwa mkupuo mmoja. Kwa miaka arobaini, ndicho kioo cha kwanza kuvunjika Valdeciervos siku ya Ijumaa Kuu ambacho hakikuwa cha bucha.

“Umeona!” Sajini Toral alifoka. “Inspekta, umemwona huyu mwanamke! Mkamate!”

Cerezal alifuta uso, akauangalia mkono wake uliojaa wekundu.

“Sikuona kitu, Sajini,” alisema. “Nina damu machoni.”

Na nyuma yake, mawe yakaanza kuruka kuelekea kituoni. Hakuna hata moja lililokwenda kwa Yuda.